Lugha ya Kiaislandi: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Kiaislandi husifiwa kwamba ni lugha iliyoganda kama barafu ya nchi yake. Sifa hiyo ina ukweli nusu, na nusu ya pili ndiyo inayozaa maswali mengi yaliyokusanywa hapa.

Kiaislandi ni lugha ya ukoo gani, na kinazungumzwa wapi?

Ni lugha ya Kigermaniki, tawi la Kaskazini, ukoo mmoja na Kinorwei, Kiswidi, Kidenmaki na Kifaroe. Ndugu yake wa karibu zaidi ni Kifaroe, lugha ya Visiwa vya Faroe: Mwaislandi akikiona kimeandikwa hukifuata bila taabu kubwa, lakini akikisikia kikizungumzwa hulazimika kutega sikio. Nchi ya Aislandi ina watu chini kidogo ya 400,000, na baadhi yao ni wahamiaji, hasa kutoka Polandi, ambao hawakuzaliwa na lugha hiyo. Kwa hesabu za Afrika Mashariki huo ni umati wa wilaya moja tu, lakini una magazeti yake, tamthilia zake, chuo kikuu na bunge, na shughuli zote hizo huendeshwa kwa Kiaislandi.

Kilifikaje kisiwani?

Kililetwa kwa mashua. Walowezi wa kwanza walihamia kati ya mwaka 870 na 930, wengi wao wakitoka pwani ya magharibi ya Norwei, na mapokeo humtaja Ingólfur Arnarson kuwa mtu wa kwanza kujenga makao ya kudumu, katika mwaka 874, mahali panapoitwa Reykjavík leo. Lugha waliyokuja nayo ni ile tunayoweza kuiita Kinordi cha Kale, iliyotumiwa wakati huo kutoka Denmaki hadi Norwei kwa tofauti ndogo ndogo. Katika mwaka 930 walianzisha baraza lao, Alþingi, kwenye uwanda wa Þingvellir, ambako watu wa pande zote walikutana kila kiangazi, wakasikiliza sheria zikisomwa kwa moyo na wakaamua kesi zao.

Si wote waliotoka Norwei moja kwa moja. Wengi walipitia Ayalandi na Uskoti, na uchunguzi wa vinasaba umeonyesha kwamba sehemu kubwa ya mama wa kwanza wa taifa hili walikuwa Wakelti, baadhi yao watumwa. Ajabu ni kwamba mama hao waliacha maneno machache sana katika lugha ya watoto wao: *tarfur*, yaani fahali, na majina ya watu kama Njáll, Kjartan na Kormákur. Lugha ya mwenye nguvu ndiyo iliyorithiwa.

Je, ni kweli kwamba Kiaislandi hakijabadilika kwa miaka elfu moja?

Ukikitazama kimeandikwa, karibu ni kweli. Mwanafunzi wa sekondari wa leo husoma masimulizi ya karne ya 13 darasani, kwa maelezo machache pembeni ya ukurasa, kama vile mtoto wa Lamu anavyoweza kusomeshwa utenzi wa zamani na kuulizia maneno mawili matatu tu kwa kila ubeti. Sarufi imesimama karibu pale pale. Walioandika *ok* kwa maana ya "na" leo huandika *og*. *Ek*, yaani "mimi", imekuwa *ég*. *Þat* imekuwa *það*. Na *maðr*, yaani mtu, imeongezwa irabu ikawa *maður*. Hayo ni marekebisho ya nyumba ya zamani ambayo nguzo zake hazijaguswa.

Matamshi ni habari nyingine kabisa. Herufi *á* zamani ilikuwa "a" ndefu; sasa husomwa kama "au". Herufi *é* husomwa "ye", na *æ* husomwa "ai". Irabu *y*, iliyokuwa na sauti yake, imemezwa na *i*, na watoto wa shule huikariri kwa machozi kwa sababu sikio haliwezi kuwasaidia. Snorri Sturluson, mwandishi na mwanasiasa aliyeuawa mwaka 1241, angefufuka leo angeweza kusoma gazeti la Reykjavík baada ya kuzoea vitu vipya vinavyotajwa humo, lakini muuza duka angemwona kuwa mgeni anayezungumza kwa lafudhi ya ajabu. Kwa hiyo anayesema lugha hii "haijabadilika" anazungumzia wino. Sauti zimetembea sana.

Jambo hili lilizua ugomvi hata mahakamani. Katika mwaka 1941 Halldór Laxness, ambaye baadaye alipata Tuzo ya Nobel ya fasihi ya mwaka 1955, alichapisha simulizi moja ya kale kwa tahajia ya kisasa. Bunge likapitisha sheria ya kuzuia uchapishaji huru wa maandishi ya kale, yeye na wachapishaji wenzake wakachapisha nyingine hata hivyo, wakashtakiwa, na mwaka 1943 Mahakama Kuu kabisa ikawaachia kwa msingi wa uhuru wa uchapishaji. Si nchi nyingi ambamo tahajia hufikishwa mbele ya majaji.

Kwa nini kilidumu, wakati lugha za ndugu zake zilibadilika?

Jibu la haraka ambalo wengi hulitoa ni umbali: kisiwa kiko mbali, bahari ni kali, wageni ni wachache. Jibu hilo halitoshi. Visiwa vya Faroe navyo viko mbali, lakini Kifaroe kilikaa karne nyingi bila maandishi, na tahajia yake ya leo ilitungwa mwaka 1846 tu.

Tofauti kubwa ni kitabu. Sheria za nchi zilianza kuandikwa kwa lugha ya wenyeji katika majira ya baridi ya 1117 hadi 1118. Katikati ya karne hiyohiyo msomi ambaye jina lake limepotea alitunga risala ya kuonyesha jinsi herufi za Kilatini zinavyopaswa kurekebishwa ili zibebe sauti za Kiaislandi, na alifanya hivyo kwa kulinganisha jozi za maneno yanayotofautiana kwa sauti moja tu, mbinu ambayo wanaisimu wa karne ya 20 waliitambua mara moja kuwa ni yao. Baadaye zikaja historia, mashairi ya miungu na masimulizi ya koo, yote yakiandikwa juu ya ngozi za ndama. Kitabu kikubwa kilichoitwa Flateyjarbók kilimaliza ngozi zaidi ya 100, yaani zizi zima liligeuzwa kuwa maktaba.

Kisha yakaja Matengenezo ya dini, yaani kuingia kwa Uprotestanti. Norwei na Faroe, zilizokuwa chini ya mfalme wa Denmaki kama Aislandi, zilipewa Biblia ya Kidenmaki, na lugha ya kanisa ikawa lugha ya heshima. Aislandi ilipata ya kwake mapema. Oddur Gottskálksson alitafsiri Agano Jipya, lililochapishwa Roskilde, Denmaki, mwaka 1540. Simulizi zinasema aliianza kazi hiyo ndani ya zizi la ng'ombe huko Skálholt, kwa kujificha macho ya askofu wake Mkatoliki na kwa kutafuta joto. Biblia nzima ilichapwa Hólar mwaka 1584 chini ya Askofu Guðbrandur Þorláksson. Kwa maoni yangu hilo ndilo tukio lililookoa lugha kuliko milima na mawimbi yote.

Na kilichoandikwa kilisomwa. Jioni za baridi, wakati jua linaonekana kwa saa chache tu, watu wote wa shamba walikusanyika katika chumba kimoja cha kulala na kufanyia kazi. Wanawake walisokota na kufuma sufu, wanaume walisuka kamba au kuchonga, na mtu mmoja aliketi karibu na taa ya mafuta ya samaki akiwasomea wengine kwa sauti, masimulizi au beti za *rímur*, yaani tenzi za masimulizi, hadi wakati wa sala. Mkesha huo waliuita *kvöldvaka*. Mfanyakazi wa shamba asiye na ng'ombe hata mmoja alizisikia sentensi za karne ya 13 mara nyingi hadi zikawa zake, na katikati ya karne ya 18 kanisa lilipodai kila mtoto ajue kusoma kabla ya kipaimara, mbegu ilikuwa imekwisha kuota.

Vitabu hivyo vya ngozi viko wapi sasa?

Vingi vilikusanywa na Árni Magnússon (1663–1730), Mwaislandi aliyekuwa profesa Copenhagen. Alizunguka nchi akinunua na kuomba, na alikuta kurasa ambazo watu walikuwa wamezikata kuwa ruwaza za kushonea nguo. Moto wa Copenhagen wa mwaka 1728 uliteketeza sehemu ya mkusanyo wake. Baada ya uhuru Waaislandi walidai urithi wao, na tarehe 21 Aprili 1971 meli ya kivita ya Denmaki iliingia bandari ya Reykjavík ikiwa imebeba vitabu viwili vya kwanza, kile cha Flateyjarbók na kile chenye mashairi ya kale ya miungu, huku umati ukisubiri gatini. Leo vinatunzwa na taasisi inayoitwa kwa jina la Árni Magnússon.

Je, ni lugha safi isiyokopa maneno?

Hapana, na haijapata kuwa hivyo. Ukristo ulipokubaliwa Alþingi karibu na mwaka 1000 uliingia na msamiati wake wote, kupitia Kiingereza cha Kale na Kijerumani cha Chini: *kirkja* ni kanisa, *biskup* ni askofu, *prestur* ni padri, *engill* ni malaika, na *djöfull* ni shetani. Wafanyabiashara wa Kijerumani na Kiingereza wa karne ya 15 waliongeza yao. Katika karne ya 17, wavuvi wa nyangumi kutoka nchi ya Wabasque walifika ghuba za magharibi, na zipo orodha za maneno zilizoandikwa wakati huo zinazoonyesha kilugha cha biashara kilichochanganya Kibasque na lugha nyingine za mabaharia. Kilikufa pamoja na biashara yenyewe.

Kidenmaki ndicho kilichoingia ndani zaidi. Kuanzia mwisho wa karne ya 14 hadi karne ya 20 nchi ilikuwa chini ya mfalme wa Denmaki, na kati ya 1602 na 1787 wafanyabiashara wa Denmaki peke yao ndio walioruhusiwa kuuza na kununua kisiwani. Kwenye vijiji vya biashara, Reykjavík ikiwa ya kwanza, mtu aliyetaka kuonekana mstaarabu alichomeka Kidenmaki katika kila sentensi. Mabaki bado yapo jikoni na sebuleni: *kartafla* ni kiazi, *sósa* ni mchuzi, *terta* ni keki. Mengine yalifukuzwa. Bibi wa mjini wa zamani aliita pazia *gardína* na njia ya waendao kwa miguu *fortó*. Mjukuu wake alifundishwa shuleni kusema *gluggatjald* na *gangstétt*.

Nani aliyeanzisha kampeni ya kuitakasa lugha?

Wazo ni la zamani. Arngrímur Jónsson, msomi aliyeandika kwa Kilatini mwanzoni mwa karne ya 17, alikuwa tayari akiwaonya wenzake wasiige Kidenmaki na Kijerumani, akiwaambia kwamba lugha yao ndiyo ile ya kale isiyochanganyika.

Aliyeitia kampeni hiyo moto, kwa mshangao wa wengi, alikuwa Mdenmaki. Rasmus Rask alijifunza Kiaislandi akiwa kijana, akaandika sarufi yake mwaka 1811, akafika kisiwani mwaka 1813 na kusikitishwa na mseto aliousikia Reykjavík. Aliandika kwamba, mambo yakiendelea hivyo, baada ya miaka 100 karibu hakuna mtu wa Reykjavík ambaye angekielewa Kiaislandi, na miaka 200 baada ya hapo hata nchi nzima. Mwaka 1816 alishiriki kuanzisha Chama cha Fasihi cha Aislandi. Kisha wanafunzi wachache wa Kiaislandi walioishi Copenhagen walianza kutoa jarida la Fjölnir mwaka 1835, na miongoni mwao alikuwamo Jónas Hallgrímsson, mshairi na mtaalamu wa sayansi asilia. Akitafsiri kitabu cha elimu ya nyota alilazimika kubuni maneno ambayo leo hakuna anayekumbuka kwamba yalibuniwa, kama *aðdráttarafl*, "nguvu ya kuvuta kwenye nafsi", yaani mvutano, na *sporbaugur*, "pete ya nyayo", yaani umbo la njia ya sayari. Siku yake ya kuzaliwa, 16 Novemba, huadhimishwa tangu 1996 kuwa Siku ya Lugha ya Kiaislandi.

Utakaso huo ulikwenda sambamba na madai ya uhuru, uliokamilika 17 Juni 1944 kwa kutangazwa jamhuri. Bila kuijua siasa hiyo mtu anaweza kudhani ni ushabiki tu wa walimu wa sarufi.

Maneno mapya huundwaje?

Kwa njia tatu hasa: kufufua neno lililokufa, kuunganisha maneno mawili, au kuchukua mzizi na kuuvika umbo jipya.

Mfano wa kufufua utamfurahisha msomaji wa Kiswahili. Simu kwa Kiaislandi ni *sími*. Katika lugha ya kale neno hilo lilimaanisha uzi, likasahauliwa, kisha likaokotwa wakati waya za simu zilipokuja. Neno letu "simu" nalo linatokana na neno la Kiajemi *sim* lenye maana ya waya. Hakuna undugu wowote kati ya maneno hayo mawili, na hakuna aliyemwiga mwenziwe. Watu wa Pwani na watu wa Reykjavík waliutazama waya uleule wakaishia karibu na sauti ileile. Kutoka hapo Waaislandi wameendelea: simu ya mkononi ni *farsími*, "simu ya safari", na simu janja ni *snjallsími*.

Kompyuta ni *tölva*. Neno hilo lilipendekezwa katika miaka ya 1960 na profesa Sigurður Nordal, aliyeunganisha *tala*, yaani tarakimu, na *völva*, mwanamke mwaguzi wa masimulizi ya kale. Mashine ikawa mwaguzi wa tarakimu. Waliotunga "tarakilishi" kwa tarakimu na akili walitumia ufundi uleule, ila matokeo yametofautiana: tarakilishi imebaki hasa katika vitabu vya shule vya Kenya huku watu wengi wakisema kompyuta, lakini *tölva* imeingia hadi mtaani. Imeingia kiasi kwamba watu huikosea, wakisema *talva*, na wenye bidii ya sarufi huwakosoa mezani.

Umeme ni *rafmagn*, "nguvu ya kaharabu". Kioo cha kompyuta ni *skjár*, neno la zamani la utando wa mnyama uliowambwa kwenye tundu la dirisha kabla ya vioo kupatikana. Redio ni *útvarp*, "urushaji nje". Ukimwi ulipotokea maneno mawili yalishindana: *eyðni*, lililotolewa kwenye kitenzi cha kuangamiza na kuchaguliwa kwa sababu lilisikika karibu na jina la kimataifa la ugonjwa, na *alnæmi*, "wepesi wa kushikwa na kila kitu".

Mengi hufa pia. Ndizi ilipewa jina la *bjúgaldin*, "tunda lililopinda", na chungwa *glóaldin*, "tunda linalong'aa". Watu wakacheka, wakaendelea kusema *banani* na *appelsína*. Mamlaka inaweza kupendekeza, lakini hakimu wa mwisho ni sokoni. Baraza la Lugha lililoundwa mwaka 1964 lina kazi inayofanana na ya BAKITA, na kazi kubwa ya istilahi hufanywa na kamati za wataalamu wenyewe: mainjinia, madaktari, wataalamu wa elimu ya nyota.

Kwa nini siku za wiki hazina majina ya miungu kama kwa ndugu zake?

Kwa sababu ya askofu mmoja. Jón Ögmundsson, askofu wa Hólar kuanzia 1106 hadi 1121, hakutaka Wakristo wataje miungu ya kale, Týr, Óðinn na Þór, kila wiki. Jumanne ikawa *þriðjudagur*, "siku ya tatu", Jumatano *miðvikudagur*, "katikati ya wiki", Alhamisi *fimmtudagur*, "siku ya tano", na Ijumaa *föstudagur*, "siku ya kufunga". Jumamosi ilikuwa *laugardagur*, "siku ya kuoga", na ikaachwa. Alhamisi yetu, tuliyoichukua kwenye Kiarabu, nayo ni "siku ya tano" kwa hesabu hiyohiyo inayoanzia Jumapili.

Sarufi yake ni ngumu kiasi gani?

Ni ngumu kwa namna ambayo si ngeni kabisa kwetu. Nomino ina jinsia tatu za kisarufi, ya kiume, ya kike na ya kati, na kivumishi hulazimika kukubaliana nayo. Mwenye ngeli za Kiswahili kichwani hatashtuka kwa hilo. Kigumu ni kwamba nomino hubadilika umbo kulingana na kazi yake katika sentensi, kwa hali nne. Watoto hufundishwa kwa kibwagizo kifupi: *hér er hestur* (hapa yupo farasi), *um hest* (kuhusu farasi), *frá hesti* (kutoka kwa farasi), *til hests* (kwenda kwa farasi). Hapo farasi ni mmoja tu. Wingi una maumbo yake. Maneno mengine hubadilika hadi irabu za ndani: ghuba ni *fjörður*, lakini "kutoka ghubani" ni *firði*, na "ya ghuba" ni *fjarðar*. Kwa hiyo mtu anayetafuta neno kwenye kamusi anaweza kushinda siku nzima asilione.

Wenyeji wenyewe hukosea mahali pamoja maarufu. Kitenzi cha kutamani kinataka *mig langar*, kwa hali ya pili, lakini wengi husema *mér langar*, kwa hali ya tatu, na kosa hilo limepewa jina la kitabibu, *þágufallssýki*, "ugonjwa wa hali ya tatu". Walimu wameupiga vita kwa vizazi, na mgonjwa hajapona.

Je, matamshi yake yanamshinda Mswahili?

Kwa sauti mbili tumetangulia wengine. Herufi *þ*, inayowatoa jasho Wajerumani na Wafaransa, ni "th" ya *thamani*, na *ð* ni "dh" ya *dhahabu*, kwa tofauti ndogo ya mahali pa ulimi. Mkazo huwekwa daima kwenye silabi ya kwanza, ambapo sisi huuweka kwenye ya pili kutoka mwisho, na hapo ndipo ulimi wetu hujikwaa. Herufi *ll* mara nyingi hutamkwa "tl", jambo ambalo watangazaji wa dunia nzima waligundua kwa aibu mwaka 2010, wakati mlima wa Eyjafjallajökull ulipolipuka na kusimamisha ndege za Ulaya.

Lahaja zipo?

Zipo tofauti ndogo za matamshi tu, kama ugumu wa konsonanti kaskazini. Watu walihamahama mno kati ya mashamba na kambi za uvuvi kuweza kujifungia katika lahaja. Tofauti moja kubwa iliyochipuka, *flámæli*, iliyowafanya watu watamke *viður* (mbao) kama *veður* (hali ya hewa), ilifukuzwa shuleni katikati ya karne ya 20, bila huruma. Iliendelea kusikika Manitoba, Kanada, kwa wajukuu wa waliohama kuanzia 1875.

Kwa nini Waaislandi hawana majina ya ukoo?

Kwa sababu wamebaki na desturi ambayo watu wa Pwani wanaijua kwa bin na binti. Vigdís Finnbogadóttir, rais wa nchi kuanzia 1980 hadi 1996, ni binti wa Finnbogi. *Finnboga* ni umbo la umilikaji la jina la baba yake. Kaka yake ni Finnbogason, na mume wa mwanamke hana la kumgawia. Rais huitwa kwa jina lake la kwanza, na kitabu cha simu kilipangwa kwa majina hayo. Kamati maalumu huamua kama jina jipya la mtoto linaweza kufuata sarufi ya Kiaislandi. Mwaka 2019 sheria iliruhusu asiyejitambulisha kuwa mwanamume wala mwanamke atumie *-bur*, mtoto wa.

Je, kuna lugha ya adabu kwa wakubwa?

Ilikuwapo. Kiwakilishi *þér* kilitumiwa kwa wageni na wakubwa kama wenzetu wanavyotumia wingi wa heshima, kikaporomoka katika miaka ya 1960 na 1970. Leo mtoto humwambia waziri *þú*. Aliyelelewa na shikamoo huhitaji muda kuzoea.

Je, Kiingereza kinakitishia?

Kinatishia kwa namna ambayo Kidenmaki hakikuweza. Hofu ilianza na majeshi ya Uingereza mwaka 1940 na ya Marekani mwaka 1941. Televisheni ya kambi ya Wamarekani ya Keflavík iliposikika hadi majumbani, watu 60 mashuhuri walitia saini malalamiko kwa bunge mwaka 1964. Leo hakuna kambi ambayo Kiingereza kinaweza kufungiwa ndani yake. Mtoto anazungumza na kifaa kwa Kiingereza, anatazama filamu kwa Kiingereza, na mwaka 2022 waziri wa utamaduni alilazimika kuiandikia kampuni ya Disney kuiomba itumie manukuu na sauti za Kiaislandi zilizokuwa zimekwisha kutengenezwa. Sheria ya 2011 imeutambua Kiaislandi kuwa lugha ya taifa, na serikali iligharimia mpango wa teknolojia ya lugha kuanzia 2019. Binafsi naona hatari si maneno ya kukopa. Lugha hii imekopa tangu siku ya kwanza. Hatari ni kupoteza zile saa za jioni ambazo zamani zilijazwa na msomaji kando ya taa.

Kimezipa lugha nyingine neno lolote?

Moja linajulikana kote. Geysir ni chemchemi ya bonde la Haukadalur iliyojulikana kwa kurusha maji ya moto angani, na jina lake, lenye maana ya "mbubujikaji", limekuwa jina la chemchemi zote za aina hiyo, pamoja na zile za Ziwa Bogoria. Wakenya wengi wamekwenda Reykjavík kusomea nishati ya jotoardhi, katika mafunzo yaliyoanza mwishoni mwa miaka ya 1970, na wamerudi kuchimba visima vya Olkaria. Masomo hutolewa kwa Kiingereza.

Nikienda huko nijifunze maneno gani kwanza?

*Góðan dag* ni salamu ya mchana. Asante ni *takk*, na kwaheri ni *bless*. Neno la kiasili la shukrani ni *þökk*, ambalo bado lipo vitabuni, lakini dukani utasikia *takk* tu, nalo limetoka Kidenmaki. *Bless* limekatwa kutoka "uwe mwenye kubarikiwa", na kitenzi hicho kililetwa na wamisionari kutoka Kiingereza cha Kale.